Mvua Ndani ya Utepe

Bonde la Kyela hunyeshewa kuliko sehemu nyingi za Tanzania, na wakati wa masika asemaye chini ya paa la bati hana budi kushindana na mvua. Tuseme sauti ya mzee mmoja wa Kinyakyusa ilinaswa siku ya namna hiyo, katika miaka ya 1960, akisimulia shauri la mpaka wa shamba la mpunga. Mzee akafariki, utepe ukabaki. Leo mhariri wa televisheni anahitaji dakika mbili zake. Kompyuta yaweza kuifuta mvua na kuyaacha maneno matupu, na kazi ikaonekana safi. Lakini mzee alipaza sauti kwa ajili ya mvua. Mvua ikiondoka, ukali wa sauti hubaki, na watazamaji, wajukuu zake wakiwamo, humwona mtu afokaye bila sababu. Halikuongezwa neno wala halikupunguzwa. Hata hivyo marehemu amesingiziwa hasira.

Zamani utepe ulikatwa kwa wembe ukaungwa tena, na aliyeushika mkononi aliliona kovu. Sasa kovu halipo. Stadi huziba pengo kwa ukimya uliotolewa katika utepe ule ule, maana kila chumba kina ukimya wake, na sikio halishtuki. Ustadi huo si dhambi. Mkwaruzo wa utepe ulioharibiwa na unyevu ghalani ni mgeni aliyeingia baada ya msemaji kunyamaza. Kumtoa ni kumtendea msemaji haki. Mvua haikuwa mgeni. Mzee aliisikia, akaijibu kwa koo lake.

Msibani jambo huwa zito zaidi. Godfrey Wilson, aliyechunguza maisha ya Wanyakyusa katika miaka ya 1930, alieleza jinsi kilio cha wanawake na ngoma ya wanaume vilivyokwenda pamoja katika mazishi. Mhariri atakaye huzuni atachagua kilio, atakaye shangwe atachagua ngoma. Kila kipande ni cha kweli, na kila kimoja peke yake humzika marehemu kwa desturi isiyo yake.

Husemwa kuwa muda wa televisheni ni haba. Ni kweli, na udhuru huo una nguvu kwa wakubwa. Hotuba ya Mwalimu Nyerere ya Novemba 1978 juu ya vita vya Kagera hujulikana na vijana wengi kwa maneno machache tu, yale ya uwezo, sababu na nia. Lakini hotuba zake nyingine ni tele, na waliomsikia wangalipo kusahihisha. Mzee wa Kyela ana utepe mmoja. Atakavyosikika humo ndivyo atakavyokuwa.

Sekunde nne za mvua kabla ya neno lake la kwanza zingetosha: mtazamaji angesikia bati, kisha sauti, akaelewa. Na kama nafasi haipatikani, zikatwe sekunde nne katika picha za ufuko wa Matema, ambazo huwa ndefu mno katika vipindi hivi.