Nyumba Hulipwa kwa Miaka

Mwezi wa Juni mwaka jana binti yangu wa tatu, ambaye ni muuguzi mjini Babati, alikuja kututembelea hapa Mbulu akiwa na bahasha ya kaki mkononi. Tulikula, tukazungumza habari za watoto na za mvua, na mama yake alipokwisha kuondoa vyombo, akaniambia, "Baba, nina ombi." Benki ilikuwa tayari kumkopesha shilingi milioni 30 ajenge nyumba. Kiwanja alikuwa nacho, lakini hati yake ilikuwa haijatoka, na benki ilitaka dhamana yenye hati. Kwa hiyo alituomba sisi wazazi wake tuweke rehani nyumba yetu mpaka atakapomaliza kulipa. "Ni miaka kumi na mitano tu, Baba," alisema.

Mimi nina umri wa miaka 74. Neno lile "tu" lilinikaa kifuani.

Nataka kumsimulia msomaji jinsi tulivyolijibu ombi hilo, kwa maana naamini jambo hili si la nyumba yangu peke yake. Siku hizi vijana wetu wengi wenye mishahara wanajenga kwa mikopo, nasi wazee ama tunawashangilia bila kuuliza, ama tunawatisha bila kueleza. Njia zote mbili hazimsaidii mtu.

Nilifundisha hesabu kwa miaka mingi kabla na baada ya kuwa mwalimu mkuu, na mkono wangu umezoea kalamu ya risasi. Nikaomba zile karatasi. Riba ilikuwa asilimia 17 kwa mwaka, inayohesabiwa juu ya salio la deni. Haikuwa riba ya ajabu, kwani kwa miaka ya karibuni taarifa za Benki Kuu zimekuwa zikitaja riba za mikopo ya nyumba kati ya asilimia 15 na 19. Nikapiga hesabu. Rejesho la kila mwezi lilikuwa kama shilingi 461,700. Ukilizidisha kwa miezi 180 unapata zaidi ya shilingi milioni 83. Nikamwuliza, "Mwanangu, hii ni nyumba ya milioni 30 au ya milioni 83?"

Alinyamaza. Kisha nikamwonyesha jambo ambalo watu wengi hawalioni. Mwezi wa kwanza riba peke yake ni shilingi 425,000. Katika lile rejesho lake, basi, zinazopunguza deni ni kama shilingi 36,700 tu, ambazo ni bei ya mifuko miwili ya saruji. Baada ya miaka 5 atakuwa amelipa shilingi milioni 27.7, nalo deni litakuwa bado milioni 26.5 na zaidi. Baada ya miaka 10, theluthi mbili ya safari ikiwa imekwisha, bado atadaiwa zaidi ya milioni 18. Benki haimwibii. Kila kitu kimeandikwa katika karatasi zile, na hesabu ni sahihi. Ni kwamba mtu anapokaa na fedha ya mwenzake muda mrefu, analipa kwanza kodi ya ile fedha, na fedha yenyewe anairudisha mwisho.

Nikamwonyesha pia kwamba kama angelipa kwa miaka 10 badala ya 15, rejesho lingepanda kufika shilingi 521,400, yaani nyongeza ya shilingi elfu 60 hivi kwa mwezi, lakini jumla yote ingeshuka hadi milioni 62 na nusu. Miaka mitano ya mwisho, ambayo inaonekana kama huruma, inauzwa kwa shilingi milioni 20. Juu ya hayo kuna ada za uthamini, za mwanasheria, za kusajili rehani, na bima. Hizo hukatwa mapema, na mkopaji akipokea fedha yake huiona imepungua hata kabla hajanunua tofali moja.

Hata hivyo, sikumlea binti yangu kuwa mtu wa kukubali kila neno la mwalimu. Alinijibu, "Baba, kila mwezi nalipa kodi ya nyumba, na fedha ile hairudi. Nikisubiri miaka kumi nijenge kwa akiba, saruji haitanisubiri kwa bei ya leo. Na milioni 83 za miaka kumi na mitano ijayo si sawa na za leo." Alikuwa na haki. Shilingi hupungua nguvu, na rejesho linalomkaba mtu mwaka wa kwanza huwa jepesi zaidi mwaka wa kumi, kama mshahara wake umepanda. Mtu anayeitaja ile jumla kubwa bila kutaja jambo hili, anamtisha mwenzake kwa nusu ya ukweli.

Lakini gharama ambayo mkopaji haioni haifutiki. Mara nyingi inahamia kwa mtu mwingine. Hilo tulijifunza nchini mwetu. Mwaka 1972 ilianzishwa Benki ya Nyumba Tanzania, ili watu wa kawaida wapate kukopa na kujenga. Lilikuwa wazo jema. Miaka ya 1980 bei za vitu zilikuwa zikipanda kwa asilimia 30 kwa mwaka, na deni la nyumba liliyeyuka kama barafu juani. Namkumbuka mwenzangu mmoja aliyecheka akisema kwamba rejesho lake la mwezi lilikuwa limekuwa sawa na bei ya kuku wawili. Na wapo ambao hawakulipa hata hizo kuku wawili. Mwaka 1995 benki ile ikafungwa. Basi kwa miaka mingi iliyofuata mwalimu wa kawaida hakuwa na mahali pa kwenda kuomba mkopo mrefu wa nyumba. Mlango ulianza kufunguka tena ilipotungwa sheria ya mikopo ya nyumba mwaka 2008, na mwaka 2010 ilipoundwa kampuni ya kuzipatia benki fedha za muda mrefu kwa kazi hiyo. Kwa hiyo nyumba zilizopatikana kwa bei rahisi zilikuwa na bei yake. Waliolipa ni walioweka akiba zao zikanyauka, na vijana waliokuja nyuma wakakuta mlango umefungwa.

Binti yangu aliniuliza, "Kwani zamani watu hawakuwa na madeni?" Nikamweleza habari ya babu yake. Kule Kainam, katika milima ya asili ya Wairaqw, nyumba za zamani zilichimbwa ubavuni mwa kilima na kuezekwa kwa udongo. Hakuna aliyekwenda benki. Lakini majirani walikuja kuchimba na kubeba miti, wakanywa pombe, na tangu siku ile ulikuwa na deni la siku zako kwa kila mmoja wao. Baba yangu pia alipewa ng'ombe jike na mtu mwenye mifugo mingi, amtunze. Maziwa yalikuwa yetu, samadi ilikuwa yetu, na ndama walikuwa wa mwenyewe. Ng'ombe yule alipokufa kwa ugonjwa, baba alipeleka ngozi ikiwa ushahidi, mambo yakaisha. Deni lilikufa pamoja na ng'ombe.

Mwanafalsafa Aristotle wa Ugiriki ya kale aliilaumu riba kwa sababu fedha haizai kama mnyama anavyozaa. Dini nazo zimeionya kwa njia zao. Mimi sitaki kuingia katika mabishano hayo, kwa maana naona anayetunza akiba yangu ana haki ya kupata chochote. Ninaloliona ni tofauti nyingine. Mwenye ng'ombe na mtunzaji walikuwa na hofu moja. Mvua ikikosekana wote walikosa. Deni la benki haliangalii mvua. Tarehe 3 Desemba 2023 tope na mawe viliteremka kutoka Mlima Hanang vikaufunika sehemu ya mji wa Katesh na vijiji vya jirani, watu zaidi ya 80 wakafa, na nyumba ambazo watu walizijenga maisha yao yote zikaondoka asubuhi moja. Nilikwenda kuhani huko, nikaona mahali palipokuwa na kuta hapana hata alama ya msingi. Mtu akiwa na mkopo na nyumba yake ikachukuliwa namna ile, deni hubaki limesimama mahali ambapo nyumba haipo, isipokuwa kama bima yake inagusa janga la aina hiyo. Kwa hiyo kabla ya kuuliza riba ni asilimia ngapi, mtu aulize: hofu hii tunaichukua wangapi?

Usiku ule nilimwambia binti yangu kwamba tutafikiri. Tangu Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, nyumba ya ndoa haiwekwi rehani na mmoja bila ridhaa ya mwenzake, hata kama jina lililoandikwa ni la mmoja tu. Nilijua hivyo, lakini nakiri kwamba niliichukulia ridhaa ya mke wangu kuwa ni sahihi ya kutia mwisho wa karatasi. Nilikuwa nimekwisha kuandaa hotuba yangu. Ningesema kwamba mimi nilijenga bila deni, kidogo kidogo, haba na haba hujaza kibaba, na kwamba vijana wa leo hawana subira.

Nilipomweleza mke wangu hotuba hiyo, aliweka chini mboga aliyokuwa akichambua. "Mwalimu," akasema, "nani alikuambia ulijenga bila deni?"

Nikamwambia hakuna benki wala mtu aliyewahi kunidai hata senti.

"Ulinikopa mimi," akasema. "Ulianza msingi mwaka 1984, tukahamia mwaka 2001. Miaka kumi na saba tulikaa nyumba za shule. Ile yenye paa bovu, nilikuwa nahamisha kitanda cha watoto kila mvua ikinyesha, na mmoja akaugua kifua miaka miwili. Maharage yangu ya kila mwaka yako juu ya paa hili. Hukuniuliza. Ulisema tu, tunajenga."

Sikuwa na jibu. Nilikuwa nikijivunia jambo ambalo lililipwa na mtu mwingine. Nilikuwa na daftari la ujenzi, nimeandika kila bati na kila kilo ya misumari, lakini hakuna mahali nilipoandika maharage, wala kile kifua cha mtoto. Wahenga walisema kukopa harusi, kulipa matanga. Mimi sikuonja harusi wala matanga, kwa sababu vyote viwili nilimwachia mwenzangu.

Tangu siku ile nimelifikiri jambo hili upya. Nyumba hailipwi kwa fedha peke yake. Hulipwa kwa miaka ya watu. Aliyekopa benki analipa kwa miaka inayokuja, na aliyejenga kidogo kidogo analipa kwa miaka anayoishi bila nyumba. Benki ina adabu moja ambayo mimi sikuwa nayo: inaandika deni, inalitaja kwa jina, na inataka sahihi ya anayelipa. Kosa lake ni kwamba inaandika shilingi tu, wala haiandiki miaka. Kosa letu sisi wajenzi wa kidogo kidogo ni kwamba hatuandiki chochote. Kwa hiyo uadilifu katika jambo hili, kwa maoni yangu, hauko katika kukopa wala katika kutokukopa. Uko katika kuwaambia mapema wote watakaolipa, kwa hesabu kamili, na kuwapa nafasi ya kweli ya kukataa.

Asubuhi tulimwita binti yetu, mama yake akasema kwanza. Alisema nyumba hii hataiweka rehani, kwa sababu ni makazi ya yule atakayebaki kati yetu wawili, na miaka yetu iliyosalia ni michache mno kuikopesha kwa miaka 15. Binti yangu aliinama. Aliondoka siku ile bila kumaliza chai, na kwa wiki kadhaa simu zake zilikuwa fupi. Hilo nalo lilikuwa sehemu ya gharama, na tulilipa.

Baadaye niliuza madume mawili, nikampelekea fedha ya kufuatilia upimaji na hati ya kiwanja chake mwenyewe. Hati ilipotoka, yeye na mumewe walikopa kwa jina lao milioni 15 badala ya 30, kwa miaka 10 badala ya 15, wajenge vyumba viwili na sebule kwanza. Rejesho ni kama shilingi 260,700, na jumla yote itakuwa zaidi kidogo ya milioni 31. Kabla ya kutia sahihi walimkalisha mtoto wao mkubwa, mwenye miaka 14, wakamwonyesha hesabu na kumweleza ni vitu gani havitanunuliwa. Mtoto akahesabu vidole, akasema, "Nitakuwa na miaka 24." Kisha akauliza kama atapata chumba chake. Wakamwambia bado, atalala na mdogo wake. Akakubali.

Nami nilimwuliza mke wangu nimlipe nini kwa ile miaka kumi na saba. Alicheka sana. Kisha akaniambia kwamba tangu tuhamie humu nimemaliza sebule ya wageni, nimemaliza hata veranda, lakini jiko lake ni lile banda la mwaka 2001, linalojaa moshi. Mwezi uliopita fundi alimaliza kujenga jiko la matofali lenye bomba la moshi. Nimeliandika katika daftari la ujenzi, na pembeni nimeandika: sehemu ya deni.