Mamlaka Mbaya na Vijana Wanaoikataa

Huenda watoto wako wamekwisha kuitazama sinema ya Harry Potter iliyotolewa mwaka 2007, iliyotungwa kutoka kitabu cha tano cha J. K. Rowling. Ndani yake yumo mwalimu, Dolores Umbridge, aliyeletwa shuleni na serikali. Huvaa nguo za rangi ya waridi, hutabasamu, na kila mara amri mpya hupigiliwa misumari ukutani. Mwanafunzi asemaye kweli hupewa kalamu inayoyachora maneno katika ngozi ya mkono wake mwenyewe. Hapo sinema haikukosea: mamlaka iliyooza hupenda kujificha nyuma ya karatasi yenye muhuri.

Vijana wakaingia katika chumba cha siri, wakafundishana yale waliyonyimwa. Je, walikosa? Amri ya Nne yatutaka tuwatii wakubwa, lakini Kanisa halikufundisha kamwe kwamba tumtii mkubwa anayeagiza dhambi. Hatuwalaumu.

Liko jambo jingine linalotusumbua. Katika kitabu, siri yao ilitolewa na msichana mwenzao, ambaye mama yake alikuwa mtumishi wa serikali hiyo hiyo. Sinema imegeuza: siri yatolewa na msichana mwingine, naye amenyweshwa dawa ya kumlazimisha kusema. Basi hakuna kijana mwenye hatia! Twadhani kitabu kilikuwa na ujasiri zaidi.

Maana anayeijua njia ya zamani ya misafara, itokayo Bagamoyo kupita Tabora hata Ujiji, hawezi kusadiki hayo kwa urahisi. Mtemi Mnywasele wa Unyanyembe aliwadai ushuru wafanyabiashara Waarabu; mnamo 1860 wakamfukuza, akasimikwa Mkasiwa aliyewafaa. Mnywasele alipigana miaka kadhaa akiwa hana makao, hata akauawa mwaka 1865. Ilikuwa dhuluma. Mwaka 1871 Mirambo naye akainuka kuwapiga vita wafanyabiashara hao, akaifunga njia. Askari wake, rugaruga, wengi walikuwa vijana waliokwisha kutoka mikononi mwa wazee wao. Sababu ya kupigana walikuwa nayo. Lakini waliishi kwa nyara, na vijiji vilivyochomwa moto vilikuwa pia vya Wanyamwezi wenzao, watu ambao hawakumtoza wala kumfukuza mtemi yeyote. Mama aliyeona ghala lake la mtama likiteketea, angewezaje kupambanua mdhalimu na mkombozi?

Sinema yenyewe yaligusa jambo hili mara moja. Baba wa ubatizo wa Harry auawapo, kijana huyo amkimbilia mwuaji na kumpiga kwa laana iliyokatazwa, ile ya kutesa. Yule mwanamke aanguka. Kisha hadithi yaendelea mbio. Mzazi aketiye na mwanawe mbele ya televisheni angefanya vema kuisimamisha picha hapo hapo, amwulize mtoto anaonaje, na kumngoja ajibu.