Barua ya Yezebeli

Somo letu wiki hii ni 1 Wafalme 21. Mfalme Ahabu alilitamani shamba la Nabothi, Nabothi akakataa kuliuza. Yezebeli akaandika barua kwa jina la mfalme, akapiga muhuri, akawaagiza wazee wa mji watafute mashahidi wawili waseme Nabothi amemtukana Mungu na mfalme. Mwaona alivyochagua shtaka? Alijua la dini litawaamsha watu wa dini upesi.

Sisi Wakenya tuna barua yetu. Mwaka 2007 Raila Odinga, akiwania urais, alitia sahihi makubaliano na viongozi wa Kiislamu. Kabla ya uchaguzi ikazagaa nakala bandia ikidai ameahidi kuleta sharia nchini. Makubaliano halisi yalipotolewa hadharani mwezi Novemba, ahadi hiyo haikuwemo. Lakini maji yakimwagika hayazoleki; hofu ilikuwa imeshaingia hadi makanisani.

Sisemi karatasi ile ndiyo iliyowasha moto. Ila Januari 2008 uwanja wa maonyesho wa Jamhuri, hapa kwetu, ulijaa familia zilizokimbia makwao, na nchini watu zaidi ya 1,000 waliuawa. Jirani huharibiwa jina kwanza, ndipo achomewe nyumba.

Ndugu mmoja ameniuliza: "Mchungaji, na kama huyo mgombea kweli ni mbaya? Uongo kidogo si utatuokoa?" Swali zito hilo. Kama ni mbaya, ubaya wake upo. Useme, utoe na ushahidi, hata akiwa ameketi mbele yako. Ukweli mchungu si kumchafulia mtu jina. Lakini ukilazimika kutunga, basi ukweli ulionao haukutosha kumhukumu. Naye Paulo, Warumi 3:8, anaikataa kabisa hesabu ya kutenda mabaya ili mema yaje.

Sasa watazameni wale wazee. Barua hawakuiandika, waliitekeleza tu. Hata hivyo, bila wao Nabothi hangepigwa mawe. Leo Yezebeli hahitaji muhuri. Grupu ya WhatsApp ya kanisa na kidole chako vyamtosha. Tunapoelekea uchaguzi wa 2027, ukitumiwa habari ya kumchafua mtu na hujui imetoka wapi, mpendwa, usiifowadi. Iishie kwako. Kule Yezreeli alikosekana mzee mmoja tu wa kuuliza, "Nani ameshuhudia?"