Je, Mwigizaji Ana Hatia kwa Anachoigiza?

Wako watu wasemao kwamba mwigizaji hana hatia. Yeye, wanasema, ni kama tarumbeta: wimbo ukiwa mbaya, aulizwe mpigaji. Neno hili haliwahusu watu wa sinema peke yao, na mfano wake mmoja unatugusa sisi wa Moshi.

Hans Albers alizaliwa Hamburg, Ujerumani, mwaka 1891. Katika Vita Kuu ya Kwanza alijeruhiwa vibaya mguuni. Baada ya vita alicheza katika filamu zaidi ya 100 za wakati ule ambapo picha hazikuwa na sauti, mara nyingi akiwa laghai au mtongozaji. Sauti ilipoingia, mwaka 1929, akapata sifa kuu na fedha nyingi. Hakuwa mpenzi wa utawala wa Hitler; mwenzi wake, Hansi Burg, alikuwa na asili ya Kiyahudi, ikamlazimu kukimbilia Uingereza. Hata hivyo, katika filamu iliyotoka mwaka 1941, Albers alicheza kama Carl Peters.

Peters tunamjua. Mwaka 1891 alikuwa mkuu wa serikali ya Kijerumani hapa mlimani, na kituo chake kilikuwa Marangu. Huko alimnyonga mtumishi wake Mabruk, na Januari 1892 akamnyonga Jagodja, msichana aliyekuwa amemweka kinyumba. Habari hizo zilizusha kelele bungeni Berlin mwaka 1896, na mwaka 1897 alifukuzwa kazi. Waafrika walimpa jina la Mkono wa Damu. Filamu ilimfanya shujaa aliyesalitiwa.

Katika filamu hiyo hiyo alikuwamo mzaliwa wa Dar es Salaam, Bayume Mohamed Husen. Alizaliwa mwaka 1904, akaingia jeshi la Wajerumani angali mtoto, kwa kuwa baba yake alikuwa askari. Alijeruhiwa Mahiwa mwaka 1917. Mwaka 1929 alifika Berlin, akadai mishahara yao ya vita, asipewe. Alihudumu mezani, akafundisha Kiswahili chuo kikuu, na kuanzia mwaka 1934 akacheza sinema, kwa kawaida akiwa Mwafrika mtiifu. Mwaka 1941 alikamatwa kwa uhusiano wake na mwanamke wa Kijerumani. Bila kuhukumiwa alipelekwa kambi ya Sachsenhausen, akafa huko tarehe 24 Novemba 1944.

Basi, nani ana hatia? Kwanza, tusiseme kwamba kucheza mwuaji ni dhambi. Kijana achezaye Herode katika igizo la Krismasi hatumgombezi, maana igizo zima linatuonyesha ubaya wa Herode. La kuuliza ni hili: mchezo wote unamwambia mtazamaji nini? Filamu ile ilimwambia kwamba kamba ya Marangu ilikuwa ya haki. Anayeutolea uongo kama huo uso wake na sauti yake ameuongezea nguvu.

Pili, hatia hupimwa kwa nafasi ya kukataa. Albers alikuwa na jina na akiba. Angeikataa filamu hiyo asilale njaa. Husen alikuwa mtu mweusi katika nchi iliyomfungia milango mingi. Hawawezi kubeba mzigo sawa. Lakini kumhurumia Husen kusitufanye tumwone kama mtoto. Yeye mwenyewe alijivunia uaskari wake, hata akaomba nishani kwa watawala wale, nao wakamnyima. Alikuwa mtu mzima aliyechagua, ingawa alichagua ndani ya chumba chembamba.

Leo Hamburg ina uwanja wenye jina la Albers. Husen ana jiwe dogo la kumbukumbu katika barabara ya Berlin, lililowekwa mwaka 2007. Mabruk na Jagodja hawakuomba kuingizwa katika mchezo wowote, na ndio waliosingiziwa.

Ndugu, wengi wetu hatutacheza sinema. Lakini yuko asomaye risala asiyoiandika, karani aandikaye kumbukumbu za mkutano jinsi alivyoelekezwa, na msemaji amsifuye marehemu aliyedhulumu yatima huku yatima wenyewe wamekaa pale mbele. Kila mmoja husema, "Nilisoma tu nilichopewa." Pilato naye alitaka maji ya kunawa. Kabla ya kuipokea karatasi, tuisome kwanza mpaka mwisho, kisha tutazame ni nani ataumia tutakapoisoma kwa sauti. Tukimwona, na tunayo nafasi ya kukataa, tuirudishe.