Je, Kusamehe ni Kunyamaza?



Kila mwezi wa nne, Rwanda inapowakumbuka waliouawa mwaka 1994 katika mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi, hata huku kambini tunasikia neno hili: yameshapita, tumwachie Mungu. Wengi husema hivyo kwa nia njema. Tunaishi mlango kwa mlango na watu wa kila upande, na tunajua ulimi unavyoweza kuwasha moto. Lakini Mungu mwenyewe alimuuliza Kaini habari za ndugu yake. Hakumwambia yamepita.

Tutazame kesi ya Jean-Paul Akayesu, aliyekuwa bugumesti wa Taba, iliyosikilizwa na mahakama ya Umoja wa Mataifa kule Arusha. Hati ya kwanza ya mashtaka haikutaja ubakaji. Mwaka 1997 mama mmoja, akitoa ushahidi, alieleza kwamba binti yake wa miaka 6 alibakwa. Shahidi mwingine naye akasema. Mwezi Juni mwaka huo hati ikarekebishwa, na tarehe 2 Septemba 1998, kwa mara ya kwanza, mahakama ya kimataifa ilitamka kuwa ubakaji unaweza kuwa tendo la mauaji ya kimbari. Jina la mama huyo lilifichwa, akaitwa kwa herufi tu. Maneno yake yalitunzwa, na yeye mwenyewe akalindwa.

Je, sisi kanisani tunatunza hivyo? Kwetu ushuhuda una njia yake: nilikuwa gizani, Yesu akaniokoa, haleluya, pambio. Sasa asimame mjane ambaye habari yake haina haleluya mwishoni. Tunamkatiza kwa wimbo! Tunadhani tumemfariji, kumbe tumemnyamazisha. Kusamehe ni kwake yeye, wala hatuwezi kumsamehea sisi. Tena atasameheje jambo ambalo hatukumruhusu hata kulitaja?

Liko pia neno linalotuuma sisi Wakristo. Kule Ntarama na Nyamata watu walikimbilia kanisani wakauawa humo humo. Majengo hayo leo ni kumbukumbu. Padri Athanase Seromba wa Nyange alihukumiwa kifungo cha maisha mwaka 2008 kwa habari ya waumini walioangukiwa na kanisa lililobomolewa kwa tingatinga. Anayesimulia hayo halitukani kanisa. Yaandikwe kama alivyoyasema, bila kulainishwa.

Basi mwenye kutaka kuandikiwa habari zake amwone mzee wa kanisa wa eneo lake baada ya ibada. Aseme kwa lugha aliyoizoea, alie akitaka, aache katikati akichoka. Daftari ni lake, na yeye ndiye atakayesema lisomwe na nani na lini. Asiyetaka kusema, asifuatwe nyumbani.