KITI CHA HUKUMU NA ULIMI WA HAKI

Huulizwa mara nyingi: Je, yafaa Muislamu mwenye elimu akubali kuwa jaji katika mahakama ya serikali isiyokuwa ya Kiislamu? Hata katika dola ya Kiislamu wakubwa wetu waliuogopa ukadhi. Imam Abu Hanifa aliukataa mpaka akafungwa. Mwanafunzi wake, Abu Yusuf, akaukubali na akawa kadhi mkuu. Wote wawili twawaheshimu. Basi jambo hili halina jawabu la neno moja, na natulipime kwa maisha ya mtu mmoja.

Sayyid Ameer Ali alizaliwa Cuttack, Bara Hindi, mwaka 1849. Alisoma katika chuo cha Hooghly, kilichoasisiwa kwa mali ya wakfu wa Haji Muhammad Mohsin. Mwaka 1873 alipata uwakili London, akarejea Calcutta kufanya kazi yake. Mwaka 1890 akafanywa jaji wa Mahakama Kuu ya mji huo, akakaa mpaka 1904.

Miaka michache baada ya kukikalia kiti, ililetwa kesi ya wakfu ambao mtu amewawekea wanawe na vizazi vyao, na mwisho wake ni masikini. Majaji wenziwe walisema hiyo si sadaka, kwani kwao sadaka ni ya watu wa mbali. Ameer Ali hakukubaliana nao. Aliwaonesha kwa vitabu vya fiq-hi kwamba katika sharia yetu kumpa jamaa yako ni sadaka, tena ni katika sadaka bora. Aliandika hivyo, na akashindwa kwa wingi wa wenziwe. Mwaka 1894 Baraza la Hukumu la Mfalme, huko London, nalo likahukumu kama walivyohukumu wao.

Atasema msemaji: "Basi alifaidi nini?" Ndugu yangu, ngoja. Mwaka 1913 ilipitishwa huko Bara Hindi sharia ya kuusahihisha wakfu wa namna ile, kwa juhudi za Muhammad Ali Jinnah. Neno lililoshindwa mahakamani likawa sharia ya nchi. Naye Ameer Ali tangu 1909 alikuwa ameingizwa katika Baraza lilelile la London, Muhindi wa kwanza kuingia humo. Alifariki 1928.

Wala hayo si ya Wahindi peke yao. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 wakfu wa hapa Kenya ulifikishwa mbele ya Baraza hilo, ukavunjwa kwa hukumu ileile ya 1894. Kwani sharia ya 1913 haikuwa yetu. Sharia ya wakfu ya Kenya ya mwaka 1951 ndiyo iliyokuja kuukubali wakfu wa jamaa. Tazama basi jinsi kosa la majaji wa mbali lilivyoingia mpaka katika nyumba za wazee wetu!

Lau Ameer Ali angalisusa, nani angaliandika hoja ile ndani ya daftari la mahakama? Lakini lau angalikaa akanyamaza ili asiwaudhi wakubwa, kususa kungalikuwa bora kwake. Mtume (S.A.W.) ametuonya kwamba makadhi ni watatu, na wawili kati yao ni wa Motoni: aliyeijua haki akaikiuka, na aliyehukumu kwa ujinga.

Basi mwenye kutaka kiti na ajiulize mambo mawili: Je, ninayo elimu? Na je, nitaweza kuisema haki nami niko peke yangu? Akikosa moja, na akimbie kama alivyokimbia Abu Hanifa. Akiwa nayo yote mawili, kukimbia kwake ni kuwaachia wengine haki za mayatima na masikini.

Wabillahi tawfiq.