“Mtoto Wetu”

Tangu miaka mingi wasichana wa Iringa hushuka Dar es Salaam kufanya kazi katika nyumba za watu. Mama wa jirani huja kijijini, huongea na wazazi barazani, na alfajiri binti hupanda basi na mfuko wake mmoja. Mshahara hautajwi, au hutajwa nusunusu, kwa kuwa kutaja fedha mbele ya watu wanaofahamiana huonekana kama kukosa adabu. Hapa Tosamaganga wazazi huambiwa hivi tu: “Msiwe na shaka, huko atakuwa kama mtoto wetu.”

Wapenzi wasomaji, neno hilo ni zuri, na kwa uzuri wake huficha jambo. Mtoto wa nyumba hula pamoja na ndugu zake, hupelekwa shule, na siku ya urithi hutajwa. Binti huyu huamka wa kwanza na hulala wa mwisho. Siku zote za kazi yeye ni mtumishi. Siku ya mshahara ndipo anapokuwa mtoto.

Bibi wa nyumba atajibu: “Namlisha, nilimtibu malaria, na Krismasi nilimnunulia kitenge.” Twamsadiki, wengi wao ni watu wema kweli. Lakini je, wema waweza kulipa deni? Nikiwa nadaiwa debe la mahindi na jirani yangu, nami nikampelekea kuku wa zawadi, nimefanya vema, lakini debe lake bado limo ghalani mwangu. Baba Mtakatifu Pius XI alifundisha hayo katika waraka wake wa mwaka 1931: mapendo hayawezi kushika mahali pa haki iliyonyimwa. Tena zawadi humfunga mtu mdomo. Anayelipwa kwa kitenge hulazimika kushukuru kwa kupewa kilicho chake, wala hathubutu kuuliza kilichobaki.

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 haikumbagua mtumishi wa nyumbani. Saa za kawaida zisizidi 45 kwa juma, na za ziada zilipwe mara moja na nusu. Apate saa 24 za mapumziko kila juma, na likizo ya siku 28 kwa mwaka. Aliye chini ya miaka 14 asiajiriwe kabisa. Masharti ya kazi yaandikwe; na shauri likitokea bila karatasi, ni juu ya mwajiri kuthibitisha walivyopatana.

Amri ya mishahara ya mwaka 2013 iliweka shilingi 40,000 kwa mwezi kwa mtumishi alalaye nyumbani mwa mwajiri wa kawaida. Kiasi hicho kimepandishwa baadaye. Kilikuwa kidogo, na hata hicho wengine hawakukitia mkononi. Bibi husema, “Nakuwekea.” Mwaka ukiisha hesabu hufunguliwa, na humo hutokea vikombe vilivyovunjika, pasi iliyoungua, na nauli ya kuja. Sheria hairuhusu kukata fidia kwa kosa ambalo mfanyakazi hakupewa nafasi ya kulikana, wala kukata zaidi ya robo ya mshahara. Na Kumbukumbu la Torati lilikwisha agiza kwamba kibarua apewe ujira wake kabla jua halijatua. (Nasi mapadre tusijitoe katika hesabu hii, jikoni mwa parokia pia yuko mpishi.)

Ipo Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ya kusikiliza mashauri ya kazi. Lakini atafikaje huko msichana asiye na ufunguo wa geti wala nauli? Kiwandani wafanyakazi huulizana mishahara yao. Jikoni yeye yu peke yake.

Kwa hiyo mzazi ndiye wa kusema mapema, basi likiwa halijaondoka: ni shilingi ngapi, tarehe gani, na mkononi mwa nani; kisha yaandikwe, naye mama wa jirani atie sahihi. Akichukizwa na maswali hayo, mfuko ubaki nyumbani.